Jini Asiyepiga Hodi

Mji wa Shandari ulitawaliwa na Sultani Mundhir bin Ghalib, nami sikumkuta, ila walionisimulia hawakuwa watu wa porojo. Humo aliishi tajiri wa vitambaa, Shekhe Taufiki, na wezi walipomvunjia ghala mara ya pili alinunua kwa wasafiri jini aliyefungwa ndani ya kioo, akamtundika juu ya mlango wake. Na kila alichokiona na kukisikia jini yule kutwa nzima, jioni alikionyesha katika beseni la maji. Wiki haikwisha mwizi akanaswa, na Sultani akamvika tajiri joho la heshima. Mpaka hapo sina neno naye.

Lakini jirani yake alikuwa Bi Raihana, mjane mshona kofia, na Taufiki alimpenda kwa dhati ila ulimi wa kumposa hakuwa nao. Basi akakigeuza kioo kidogo tu, eti kidogo, kikatazama ua wa mjane; na katika beseni akamwona akichana nywele, akamsikia akiinong'oneza kanzu ya marehemu mumewe, "Nani ataniletea tena halua ya lozi?"

Kesho yake sinia la halua ya lozi likafika kwa mjane, pamoja na salamu za Shekhe Taufiki. Masikini, alidhani amepatia.

Bi Raihana hakuionja. Aliinua macho, akakiona kioo kimeinamia ua wake, akalifunika sinia kwa kawa na kulibeba hadi barazani kwa Sultani.

"Maulana, neno hili nililisema peke yangu, ndani ya kuta zangu. Huyu amelijuaje?"

Tajiri akaitwa, wala hakukana. "Mapenzi yamenikosesha, Maulana. Lakini sikuchukua kitu chake."

"Kweli hakuchukua," akasema mjane. "Ila tangu sinia hili lije siwezi kulia nyumbani mwangu, na nyumba nyingine sina."

Kadhi akataka ushahidi wa jini, na beseni likaletwa, na mawaziri wakasogea wakinyoosha shingo zao.

"Mkitazama," akasema Bi Raihana, "mtakuwa mmeniona nyote."

Sultani akashuka kitini, akayamwaga maji kwa mkono wake, akamvua tajiri lile joho. Kisha akaamuru ipigwe mbiu: jini alinde mlango wa bwana wake tu, na kila ajaye, jini ampigie hodi kwa sauti kabla ya kumtazama, na atakayetazama kwa siri, kioo chake kivunjwe.

Tangu siku hiyo jini akawapigia hodi hata mbuzi. Na Taufiki, kila Ijumaa baada ya sala, alisimama mlangoni kwa jirani akapiga hodi mara tatu, na asipojibiwa akarudi kwake. Mwaka mzima. Mimi ningemwacha hivyo hivyo.

Ijumaa moja sauti ikatoka ndani: "Ngoja nijitande."

Na mtu yule, aliyekwisha kuziona nywele zake bila ruhusa, akaupa mlango mgongo na kukodolea ukuta wa ng'ambo, akangoja mpaka alipoambiwa karibu.

Wakaoana mwezi wa Mfunguo Mosi, wakapata mali na watoto. Na hata uzeeni, Taufiki hakuingia chumba alichokuwamo mkewe bila ya kupiga hodi.