Sanduku la Diwani Shomvi

Diwani Shomvi wa Mwambeni alikuwa na sanduku lenye pembe ya shaba. Ukiisimulia hadithi upya mbele ya pembe ile, dunia hujirekebisha ikaifuata. Kwa hekima yake kubwa, Diwani alilitumia kuotesha nywele kwenye upara na kurithi minazi ya majirani.

Siku moja akamwita barazani, mbele ya wazee wake, Bi Mwanatumu, mpika vitumbua.

"Bibi, simulia hapa kwamba nyumba yako ni banda la punda wangu tangu enzi za babu. Ukikataa nitasimulia mwenyewe, na humo punda utakuwa wewe."

"Nani akukatalie, bwana wangu? Ila ngano bila kitendawili ni uji bila sukari. Kitendawili!"

"Tega!" Diwani akajikalia vizuri.

"Ana mdomo mmoja, amekula mtaa mzima, bado ana njaa."

"Moto! Mamba! Kaburi?"

"Wapi!"

Wazee wa baraza, ambao jibu walilijua, wakatazama boriti za dari.

"Haya, nimeshindwa."

"Basi nipe mji, kama desturi."

"Mroho wewe! Chukua huu huu wa Mwambeni, na jumba langu juu!" Diwani akacheka mpaka nywele zake mpya zikatikisika. "Haya, jibu?"

Bi Mwanatumu akaisogelea pembe. "Nikaenda Mwambeni, wakanipokea kwa ngoma, wakanikalisha kwenye kiti cha Diwani."

Nje ngoma zikalia. Shomvi akajikuta amesimama, na Bi Mwanatumu amekaa.

"Jibu ni wewe, baba. Pa kulala usihofu. Lile banda la punda tutakujengea."