Majivu ya Kina Somoe

"Mchora uwanja hachezi pembeni." Mmeisikia leo sokoni, mkaja mbio kuniuliza imetoka wapi. Imetoka hapa hapa Namkongo, na mimi Bi Esha nilikuwepo, nimesimama golini na soksi mikononi badala ya glavu. Kaeni niwaambie, na asinikatize mtu, maana habari hii kila nikiikumbuka hasira hunipanda upya.

Siku hizo chokaa ya uwanjani hatukuijua. Mistari ilichorwa kwa majivu, na majivu yanatoka jikoni, na jikoni, walisema wanaume, ni kwa wanawake. Basi kila Ijumaa sisi timu ya wasichana tulipita nyumba hadi nyumba, tukakomba mafigani, tukajitwika madebe hadi uwanjani. Nahodha wetu Somoe alikuwa na kamba yenye mafundo ya vipimo. Yeye anapima, sisi tunamwaga. Jumamosi wakaja wanaume wakacheza. Na sisi? Sisi tulipelekwa bondeni, kwenye mteremko wenye visiki vya mikorosho. Ukipiga pasi, mpira unashuka wenyewe mpaka mtoni. Ati tukicheza juu tutafuta mistari. Mistari tuliyoichora wenyewe, jamani!

Mwaka ule ikaja habari kwamba mwalimu wa timu ya wanawake ya mkoa atafika kwenye fainali kuchagua wachezaji. Mwaka uliotangulia alikuja, akatutazama bondeni, akaondoka akisema, "Hapa sijaona mpira. Nimeona watu wanafukuza mpira." Na Somoe alikuwa na mguu wa kushoto ambao mimi niliuogopa hata mazoezini! Baba yake alikwishamwambia: asipochaguliwa safari hii, aviweke viatu, posa ipokelewe. Ilikuwa siku hiyo au basi.

Ijumaa tukaenda kwa Mzee Chilumba, mwenyekiti wa michezo, kumwomba tucheze uwanja wa juu asubuhi, kabla ya wanaume.

"Bondeni panawatosha," akasema, hata kikombe cha chai hakukiweka chini. "Wageni wanakuja kuona mpira. Nyie choreni uwanja, mkimaliza mkachezee kwenu."

Tukatoka. Somoe akaizungusha kamba yake mkononi, akasema, "Tumesikia. Twendeni tukachore."

Asubuhi watu wakajaa. Timu ngeni zikafika, ya wanaume na ya wasichana, refa akafika, mwalimu wa mkoa akafika. Uwanja wa juu mtupu, hauna hata mstari mmoja. Kule bondeni, katikati ya visiki, mistari myeupe pe!

Mzee Chilumba akatujia mbio, kanzu kaikunja mkononi. "Nyie watoto! Mmechora wapi?"

"Shikamoo, mzee," Somoe akasema. "Tumechora tunakochezea."

Wanaume wakajaribu kuchora wenyewe. Loo! Vipimo hawavijui, kona moja ikaangukia kwenye shamba la muhogo la watu. Wageni wakacheka. Refa akatikisa kichwa. "Mimi nachezesha penye mistari. Kama ipo bondeni, twendeni bondeni."

Nahodha wa wanaume, Chinguile, akateremka. Akatazama visiki, akatazama mteremko. "Huku?" akapiga kelele. "Huku mtu atavunjika mguu! Huku hapachezeki!"

Watu wote wakasikia.

Somoe akamsogelea. "Hapachezeki, kaka Chinguile? Miaka minne tunawachorea, halafu mnatuleta huku. Kumbe siku zote mnajua hapachezeki? Au miguu yetu ndiyo haivunjiki?" Kisha akamgeukia mwenyekiti. "Madebe sita ya majivu yamebaki, mzee. Tutachora juu sasa hivi. Lakini mchora uwanja hachezi pembeni. Sisi kwanza."

Mzee Chilumba akamgeukia refa. Refa akatazama saa yake. "Wachore, wacheze," akasema.

Tukacheza juu, mchana kweupe, mbele ya kata nzima. Tulifungwa mawili kwa moja, na la pili lilikuwa uzembe wangu, sifichi. Lakini lile moja letu lilitoka kwenye mguu wa kushoto wa Somoe, mbali kabisa, na mwalimu wa mkoa akanyanyuka kitini. Kabla ya wanaume kuingia uwanjani, jina la Somoe lilikuwa limeshaandikwa. Viatu havikuwekwa. Mzee Chilumba hakutuomba radhi mpaka anaingia kaburini. Mungu amsamehe, mimi bado.

Neno lile watu wakalichukua. Wakalisema kwenye kilimo, kwenye vikao, mpaka huko sokoni mlikolisikia.

Sasa niambieni nyie. Leo asubuhi niliwaona mmeinama uwanjani na ndoo za chokaa, jua linawachoma mgongo. Na saa hizi mmekaa kwangu na jezi mwilini. Mnangoja nini? Ati mmeambiwa wanaume wamalize kwanza, na muda usipotosha mechi yenu iahirishwe? Na mkasema sawa? Ebo!

Nipeni fimbo yangu. Inukeni, nami nakuja. Mchora uwanja hachezi pembeni.