Kalunde na Mlima Uliokula Sauti

Paukwa.

— Pakawa.

Hiyo ni pakawa ya watu walioshiba. Paukwa!

— Pakawa!

Pakawa nchi, nchi ikawa na mlima, mlima ukawa na masikio. Anayetaka kukohoa akohoe sasa.

Hapo kale, katika nchi ya Ngurumbi, kila mtu alizaliwa na mvumo kifuani, kama nyuki ndani ya mzinga. Ukimwekea mwenzako sikio kifuani, unausikia. Lakini mara moja moja mvumo humtoroka mwenyewe, ukapanda mlimani. Mtu hubaki amelala, hasemi, hali, anapumua kidogo tu. Jua likizama mvumo haujarudi, pumzi nayo inakoma.

Dawa ilikuwa moja. Mtu apande jabalini, amwite mgonjwa. Neno la kweli mlima hulirudisha, na likigusa pale panapostahili, mvumo hulifuata likirudi. Neno la uongo mlima hulimeza. Hulimeza pamoja na sauti ya aliyelisema, na hiyo sauti ndiyo basi tena.

Sasa, Bwana Lugendo alikuwa na wake wawili. Mkubwa Kalunde, mdogo Mbuke. Waligombania jiko, wakagombania mtungi, wakagombania kuku kataga upande wa nani. Vikombe vikikaa pamoja havina budi kugongana, lakini hawa waligongana hata kwa nani ateke maji ya kuviosha.

Asubuhi moja Mbuke hakuamka. Kalunde alikwenda kumgombeza kwa majivu aliyoyaacha jikoni. Akamwita, kimya. Akamtikisa, kimya. Akamwekea sikio kifuani. Mzinga mtupu.

Kijiji kikakusanyika. Na desturi ya watu wale mnaijua, maana ni ya kwetu pia: mtu akiwa mzima anasemwa, akilala kitandani anasifiwa. Wakaleta manju, mwimbaji wa kukodi. Akapanda jabalini, akamwita Mbuke ua la nchi, nyota ya wanawake. Hakuwahi kumwona hata mgongo. Mlima ukameza. Manju akashuka anatoa upepo mtupu kama mvukuto wa mhunzi.

Akapanda Bwana Lugendo. Akalia kwanza, akahakikisha anaonekana, kisha akasema bila Mbuke naye atakufa leo hii. Mlima ukameza. Hakufa. Sauti ndiyo iliyokwenda, na wapo wanaosema nyumba yake haijawahi kuwa na raha kama iliyo nayo tangu siku ile. Msinitazame hivyo, sikuwepo kwenye kikao cha kupima raha.

Akabaki Kalunde. Wazee wakamsihi amwite mwenzake kwa maneno matamu.

"Matamu ninayo wapi?" akawauliza.

Kila mtu alijua mdomo wa Kalunde ndio uliokuwa silaha yake, shamba lake na burudani yake. Kalunde bila sauti ni jembe bila mpini. Alipanda hata hivyo, jua limekwisha kuegemea.

Alianza na maneno ya kuazima. "Ewe malkia wa..." Akalimeza neno mwenyewe kabla mlima haujalimeza. Akavuta pumzi.

"Mbuke, unaacha majivu jikoni."

*Majivu jikoni,* mlima ukajibu.

"Unaimba ukitwanga, na huna sauti."

*Huna sauti.*

"Nilipougua homa uliniosha miguu, kisha ukawatangazia watu kwamba ina nyufa."

*Ina nyufa.*

Kule chini watu walijiziba midomo wasicheke. Maneno yote yalirudi. Mvumo haukurudi. Na jua limebaki upande mwembamba kama kipande cha tikiti.

Alikuwa na neno moja zaidi. Hilo hakuwahi kulisema, na hakuwa na hakika kama ni la kweli. Hapo ndipo penye hatari, ndugu zangu. Mwongo anajua anadanganya. Lakini asiyeujua moyo wake anacheza kamari na koo lake.

Akalisema, kwa sauti ndogo.

"Nyumba isiyo na wewe siitaki."

Mlima kimya. Kimya. Kimya kabisa. Kalunde akajishika koo, akasema moyoni, basi, nimekwisha.

Kisha kutoka mbali ndani ya jiwe: *siitaki, siitaki, siitaki.* Na nyuma ya mwangwi, nyuki wakivuma, wakampita juu ya kichwa wakielekea nyumbani.

Alikimbia. Alimkuta Mbuke ameketi kitandani, nywele timutimu, amenuna.

"Umenisema mbele ya kijiji kizima. Habari za majivu zimefika hata kwa wakwe."

"Majivu yalikuwepo."

"Yalikuwepo," Mbuke akakubali. "Lile la mwisho sikulisikia vizuri. Rudia."

"Muulize mlima."

"Nakuuliza wewe, dada."

Kalunde akachukua bakuli la uji, akaupuliza kwa muda mrefu kuliko uji ulivyohitaji. Humo ndani hamkuwa na mlima wa kumtisha, wala kijiji cha kumsikiliza. Akalirudia neno, chini chini, hata mimi ninayewasimulia sikulipata. Nilichokiona ni Mbuke akisogea ukutani, ili mwenzake apate pa kukaa.

Ngano yangu naitua hapa. Aliyeshiba utamu alale, na aliyebakiwa na njaa amgeukie aliye kando yake.