Ufunguo wa Kabati la Bi Vimla

Nipeni masikio yenu, ila imani yenu bakini nayo mfukoni. Hadithi hii ina watu watatu waliotenda jema, na mimi tangu niisikie sijamwamini hata mmoja wao.

Kule Tanga, katika mtaa wa nyumba za zamani zenye baraza za saruji, aliishi Bi Vimla, mjane wa Kigujarati aliyezaliwa mjini hapohapo. Vimla alikuwa msomaji. Sisemi msomaji wa gazeti na kalenda. Alisoma akingoja chai ichemke, alisoma akichambua mchele, na mchele ukabaki na mawe. Kila Alhamisi alasiri wanawake wa Kihindi wa mtaa ule walijaa sebuleni kwake awasomee riwaya za Kigujarati kutoka kabati la mninga la marehemu mumewe. Kabati lilikuwa na ufunguo mmoja, na marehemu aliacha wosia mmoja: vitabu visitenganishwe.

Basi macho yakaanza kumtupa mkono. Daktari akasema ni presha ya macho. Uoni uliopotea haurudi, na uliobaki unataka maandishi makubwa na mwanga usioumiza. Alhamisi ya kwanza Vimla alisoma kwa lenzi. Ya pili hakumaliza ukurasa. Ya tatu aliwapa wageni chai na vitafunwa vya chevdo, wakaongea habari za misiba na vipimo vya sukari, wakaondoka mapema. Vimla akalia mbele ya waliobaki, bila kujificha.

"Atakayenirudishia Alhamisi yangu," akasema, "ufunguo wa kabati ni wake."

Waliobaki walikuwa watatu.

Wa kwanza ni Nayana, mke wa mwanawe, na kipaji chake ni kuuliza. Huyu hanunui kitunguu mpaka muuzaji aeleze kimelala sokoni siku ngapi. Wa pili ni Fundi Mbelwa, mfunga vitabu wa nyumba ya jirani aliyekuwa amepita kunywa chai, na kipaji chake ni mikono. Hufumua kitabu cha miaka sitini akakishona tena, usione kilipofumuliwa. Wa tatu ni Bi Mwantumu, shoga wa Vimla tangu utotoni, na kipaji chake ni sikio. Herufi ya Kigujarati haijui hata moja, lakini mama yake alipika nyumbani kwa wazazi wa Vimla na lugha aliiokota jikoni. Miaka thelathini amekaa pembeni kila Alhamisi akisuka ukili na kusikiliza. Hadithi ikimwingia mara moja, haitoki.

Watu wazuri, sivyo? Nami nilidhani hivyo, mpaka niliposikia ya pembeni. Nayana aliwahi kulalamika kwamba kabati lile linakula nusu ya sebule. Fundi Mbelwa alikuwa amefuatwa na mnunuzi wa samani za kale, wakanong'ona barazani. Na Mwantumu alipoulizwa asiyejua kusoma atafanya nini na vitabu, alijibu, "Nitajua mwenyewe."

Nayana alianza. Alisikia kuna vibao vyembamba vya kusomea, kimoja hubeba vitabu vya kabati zima na maandishi yake hukuzwa utakavyo. Akapanda basi hadi Dar es Salaam. Duka la kwanza wakampa kishikwambi king'aacho kama sahani mpya.

"Hiki kina rangi zote, dada. Hata sinema kinaonyesha."

"Mama mkwe wangu hataki sinema," Nayana akasema, akatoka nacho mlangoni penye jua. Alichoona kiooni ni sura yake mwenyewe. Akakirudisha.

Duka la pili walikuwa na kibao cha kusomea hasa, kisichong'aa. Nayana akafungua humo hadithi ya Kigujarati aliyotumiwa na kaka yake kutoka Rajkot kule India. Vikatokea visanduku vitupu mahali pa herufi, mstari baada ya mstari.

"Lugha hiyo itakuja yenyewe ukishanunua," muuzaji akasema.

"Ije kwanza, ndipo ninunue."

Duka la tatu akapewa kibao cha rangi ya majivu, kibaya cha sura. Herufi za Kigujarati zikakaa mahali pake. Akazikuza mpaka kila moja ikalingana na punje ya hindi. Akageuza mwanga ukawa wa manjano, mpole. Akafungua picha ya ukurasa wa kitabu cha kale, nayo ikakuzwa vilevile. Ndipo akauliza swali ambalo wengi hatuulizi.

"Ubaya wake nini?"

"Kinakwenda polepole," muuzaji akakiri, "na kioo chake hakitaki uchafu."

Akakichukua. Bila maswali yale, Vimla angeletewa kioo cha kujitazamia. Lakini lile neno la uchafu Nayana hakulifikisha nyumbani. Anasema alisahau. Mwanamke anayekumbuka umri wa kitunguu.

Kibao kilikuwepo, vitabu havikuwepo. Riwaya za Vimla zilichapwa zamani na hakuna aliyewahi kuziingiza katika kibao chochote. Ukizipiga picha zikiwa bado zimeshonwa, maneno ya katikati yanazama kwenye mkunjo, na ukizikandamiza zinavunjika mgongo.

Fundi Mbelwa akasema, "Bi mkubwa, nipe vitabu kumi. Vikipungua jani moja, nikate kidole."

"Kidole chako nitakisoma?" Vimla akamjibu. Lakini akampa.

Mbelwa alikata nyuzi moja moja kwa kisu chake chembamba. Akalaza kila jani chini ya kipande cha kioo, akalipiga picha kwa simu, akalirudisha katika zamu yake. Wiki tano akafanya hivyo. Kisha akashona vyote upya, akaviingiza katika kibao, akavileta vitabu na kibao pamoja. Vimla akapapasa migongo ya vitabu vyake kwa vidole na hakupata kovu. Bila mikono ile, kibao kingekuwa daftari tupu. Lakini siku ya kuvirudisha, Vimla alipokwenda jikoni kumtengea chai, Nayana alimkuta fundi analipima kabati kwa futi kamba. Alisema ni mazoea ya kazi. Tangu lini mfunga vitabu akapima kabati?

Alhamisi ikafika. Vimla hafungui kitabu kipya bila kukikaribisha. Hukitia doa la kanku, ule unga mwekundu uliochanganywa na maji, na juu yake punje chache za mchele, kama anavyofanyiwa mgeni wa heshima mlangoni. Mama yake alifanya hivyo, na bibi yake. Kibao nacho kilikuwa kitabu, tena kumi kwa pamoja. Akakitia doa juu ya kioo, akabandika punje, akaomba, akakifuta kwa pindo la sari.

Akaanza kusoma. Sauti yake ikatoka kama zamani, na mimi nawaambia hata Nayana alifuta machozi. Lakini hadithi ikawa haieleweki. Bibi harusi alikuwa bado kwao, mara akawa na watoto wawili. Wageni wakatazamana. Alhamisi ya pili akaianza upya, ikawa hivyohivyo. Ya tatu wageni walikuwa wawili tu, na Vimla akakiweka kibao chini.

"Kinaniibia kurasa," akasema. Akamgeukia Nayana: "Umeniletea kitu kibovu." Akatuma watu wamwite Mbelwa. "Na wewe umeyaacha majani. Yako wapi?"

Fundi akaapa. Nayana akasema kibao kilikuwa kizima dukani, muulizeni fundi. Fundi akasema kurasa zilikuwa kamili, muulizeni mkwe. Vimla akaamuru kibao kitiwe kwenye droo, na Alhamisi zikome.

Mwantumu akaweka ukili wake chini.

"Fundi hakuacha jani," akasema. "Wiki ya kwanza, Vimla, ulisoma pale bibi harusi alipokuwa kisimani ukaruka harusi. Wiki ya pili ulisoma harusi ukaruka kisimani. Kurasa zote zimo. Kuna kinachozigeuza kabla yako."

Akakichukua kibao, akapitisha kidole polepole pembeni mwa kioo. Kwenye ukingo wa kioo, pembe ya chini, akagusa kitu kigumu. Akachomoa chupio ya nywele, akachokoa. Ikatoka punje moja ya mchele, imegandishwa na kanku. Kibao kile hugeuza ukurasa kinapoguswa, na punje ilikuwa inakigusa kila ilipojisikia.

Vimla akasoma mpaka jua likapungua dirishani, na hakuna ukurasa ulioruka. Bila sikio lile, kibao kingeozea kwenye droo. Lakini Mwantumu alijua tangu Alhamisi ya pili kwamba fundi hana kosa na mkwe hana kosa. Akakaa wiki nzima anasuka ukili, mpaka wenzake wakaaibika mbele ya mwenye ufunguo. Alipoulizwa alisema, "Nilitaka kuhakikisha."

Alhamisi iliyofuata sebule ilijaa tena. Wageni walipoondoka, Vimla akafungua fundo la pindo la sari yake, akatoa ufunguo.

"Nimeahidi," akasema. "Kabati haligawanywi na vitabu havitenganishwi. Kila mmoja aniambie atalifanyia nini akipewa."

"Ba, nitalihamishia chumba cha nyuma," Nayana akasema, akimwita mama mkwe kwa jina la heshima la kwao. "Kule jua haliingii. Jua linaua karatasi."

"Nitalichukua karakana kwangu," Mbelwa akasema. "Vile vilivyobaki vyote vinahitaji kushonwa."

"Nitalifunga," Mwantumu akasema. "Asiguse mtu."

Vimla akawatazama kwa macho yale yaliyobakiwa na nusu ya nuru. Akauweka ufunguo juu ya kioo cha kibao, mezani, katikati yao.

"Anayejua moyoni mwake kwamba alifanya kwa ajili yangu, auchukue."

Ufunguo ulipogusa kioo, ukurasa ukageuka wenyewe. Watatu wakautazama. Nayana akakunja mikono kifuani. Mbelwa akatia yake mfukoni. Mwantumu akaokota ukili wake. Hakuna aliyenyoosha mkono, kwa sababu kila mmoja alijua wenzake wanamngoja anyooshe wamshuku.

Ufunguo uko pale hadi sasa, na Vimla anazeeka. Akifa kabla haujachukuliwa, wanawe watagawana vitabu kama wanavyogawana sufuria.

Haya, wenzangu, mmesikia jicho la shaka lilivyoona. Swali la Nayana, mikono ya Mbelwa, sikio la Mwantumu: ondoa kimoja, hakuna Alhamisi. Ungekuwa wewe ndiye mwamuzi, ufunguo ungempa nani? Na kama ungekuwa mmoja wa wale watatu, mkono wako ungekuwa wapi?