Kaburi la Fundi Taherali

Hapo zamani, wala si zamani za mbali, kwa maana wote waliosafiri siku hiyo bado wanavuta pumzi, meli kubwa ya watalii ilifunga gati Mombasa asubuhi na mapema. Ilikuwa na watu elfu mbili, na ilikuwa na siku moja tu. Saa kumi na moja jioni ingeondoka. Aliyemo yumo, asiyemo atabaki gatini akiipungia mkono.

Katika watu hao elfu mbili, sita walichagua safari ndogo: basi dogo moja, dereva mmoja, kiongozi mmoja, kwenda kuyaona magofu ya Mtondwe, mji wa kale uliomezwa na msitu, mwendo wa saa mbili na nusu kuelekea kaskazini. Wanne katika sita hao walikuwa watu wema, wakipiga picha na kunywa maji, nao hawana neno. Wawili ndio wenye kisa.

Dereva alikuwa Athman Shee, na ndiye aliyenihadithia haya. Kiongozi alikuwa binti mmoja, Umazi Kalama, mzaliwa wa kijiji kilicho nyuma ya magofu hayo hayo.

Walipovuka daraja la Kilifi, mwanamke mmoja mtu mzima aliyekaa nyuma ya dereva, mvi zimefunikwa na mtandio wa kijani, akasema kwa Kiswahili cha Mombasa:

"Baba dereva, enda polepole kidogo. Hapa mamangu alikuwa akininunulia korosho."

Athman nusura asimamishe gari. "Mama, wewe ni wa hapa?"

"Nilikuwa. Naitwa Zehra. Tuliondoka nikiwa na miaka sita, na sasa ni miaka sitini imepita."

Akatoa picha kwenye mkoba, picha nyeusi na nyeupe, imekunjika pembe. Ndani yake mwanamume mwembamba amesimama kwenye mlango wa mawe, mkononi ana pimamaji la mwashi. Kando yake kuna mwanamume mwingine, mwenyeji, amevaa kikoi.

"Huyu ni babangu, Fundi Taherali," akasema Bi. Zehra. "Aliajiriwa kuzitengeneza kuta za Mtondwe zisianguke. Alikwenda, hakurudi. Mamangu aliletewa habari mkono wa tatu: amekufa huko, amezikwa huko. Wapi, hakuna aliyejua. Mimi nataka kuusimamia mlango huu tu. Sitaki zaidi."

Umazi akaichukua picha. Akaitazama. Akaitazama tena.

"Mlango huu si wa ikulu wala si wa msikiti," akasema. "Ni wa lango la kaskazini. Watalii hawapelekwi huko. Lakini, bibi..." Akasita. "Nilipokuwa mdogo tulikuwa tukienda kuokota kuni upande ule. Kulikuwa na mama mmoja akifagia kaburi peke yake shambani. Nilimuuliza la nani. Akaniambia, la fundi."

"Fundi gani?"

"Sikuuliza. Nilikuwa na miaka saba. Na mama yule, Bi. Mbeyu, sijamwona miaka mingi; sijui kama yuko hai."

Bi. Zehra akamshika mkono. "Mwanangu, usinitie tamaa."

"Sina hakika, bibi. Nakwambia nilichokiona tu."

Sasa sikilizeni ugumu ulipo. Walifika Mtondwe saa nne na nusu, na saa saba kamili ilikuwa lazima waondoke. Magofu yale yana visima virefu visivyo na mifuniko, na sheria ya walinzi ni moja: kundi moja, kiongozi mmoja, hakuna kutawanyika. Msikiti mkuu uko mwisho wa kusini. Lango la kaskazini liko mwisho wa kaskazini. Baada ya kuyaona majumba ya katikati, muda uliobaki ungetosha upande mmoja. Kusini au kaskazini. Si vyote viwili.

Na huyo wa pili niliyewaambia ana kisa, alikuwa Bwana Kaspar, mzee mrefu mwenye kofia ya majani, mwalimu mstaafu wa historia. Yeye alikuja kwa ajili ya msikiti. Miaka thelathini na moja aliuchora ubaoni mwandiko uliochongwa juu ya kibla ya Mtondwe, akiwafundisha watoto wa kwao kwamba watu wa pwani hii waliandika na kusoma. Hakuwahi kuuona ila vitabuni. Moyo wake ulikuwa mgonjwa, na daktari alimwambia safari hii iwe ya mwisho. Mfukoni alikuwa na karatasi na kipande cha mkaa, ili achukue chapa ya mwandiko ule kwa mkono wake mwenyewe.

Umazi akawaita wote sita, akawaeleza kwa lugha yao. Wanne wakasema, kwetu sawa popote. Wote wakamgeukia Bwana Kaspar.

Akamuuliza Umazi maswali mawili. "Mama huyu alikuwa na umri gani baba yake alipopotea?"

"Sita."

"Na kaburi, una hakika lipo?"

"Sina," akasema Umazi.

Bwana Kaspar akautazama upande wa kusini. Mnara mfupi wa msikiti ulionekana juu ya miti. Akautazama kwa muda, Athman anasema ilikuwa kama mtu anayemuaga ndugu. Kisha akaikunja ile karatasi mara nne, akairudisha mfukoni.

"Kaskazini," akasema.

Wakaenda kaskazini. Umazi mbele akipasua njia kwa fimbo, Bi. Zehra nyuma yake, Bwana Kaspar akihema, wale wanne, na Athman wa mwisho akiitazama saa. Wakafika langoni. Mlango ulikuwapo, na mawe yake yale yale ya pichani. Bi. Zehra akasimama aliposimama babake, akaweka kiganja ukutani. Mmoja wa wale wanne akampiga picha.

"Zimebaki dakika arubaini," akasema Athman.

Wakavuka lango, wakatokea mashambani. Chini ya paa la makuti alikaa mama mzee, anapukuchua mahindi. Umazi akampigia hodi, akamwamkia. Mzee akaitikia bila kuinua macho.

"Bi. Mbeyu, nimekuletea wageni."

"Wageni wa nani?"

Bi. Zehra akajitokeza mbele. "Shikamoo, dada. Mimi ni binti wa Taherali. Fundi."

Mahindi yakaanguka. Bi. Mbeyu akasimama, akamtazama kuanzia miguuni hadi kwenye mtandio. Kisha akasema, "Umechelewa sana. Lakini nimelifagia juzi."

Akamshika mkono kama anayemshika mtoto, akampeleka nyuma ya nyumba. Katikati ya mihogo palikuwa na kiwanja kisafi, hakuna jani, na kaburi lililozungushiwa mawe meupe. Bi. Zehra akapiga magoti. Akasoma Fatiha kwa sauti iliyokatika katikati, akaanza upya, akaimaliza.

Bi. Mbeyu akakaa chini kando yake. "Aliyesimama naye kwenye hiyo picha ni babangu, Mzee Nguma. Ilikuwa masika, mto umefurika, gari haipiti. Homa ikamshika fundi siku tatu. Babangu alimbeba mgongoni kutoka kwenye magofu mpaka kitandani kwetu. Mimi nilikuwa na miaka kumi na miwili, nilimnywesha uji. Siku ya tatu alikuwa akiita jina moja tu. Zehra, Zehra. Sisi tukadhani ni mkewe."

Bi. Zehra akafunika uso. "Ni mimi," akasema. "Ni mimi, dada."

"Sasa nimejua. Babangu alipeleka habari Mombasa, akaambiwa jamaa zake wamehama. Akaniambia: huyu ni mgeni, hana mtu hapa, basi wewe ndiye mtu wake. Wanangu walijenga Kilifi, wakaniita nikakae kwenye nyumba ya mabati. Nikakataa. Wakataka kulima hapa. Nikakataa. Nani angemfagilia?"

Athman anasema hakuna aliyekuwa na macho makavu, hata yeye, na saa yake aliisahau mfukoni.

Ndipo Bi. Zehra akakunja mkono wa gauni. Kwenye kifundo palikuwa na bangili moja nyembamba ya dhahabu. Akaivua kwa shida, maana mkono ulikuwa umenenepa tangu ivaliwe.

"Hii babangu alimvisha mamangu siku ya ndoa," akasema. "Mamangu alinipa akiwa anakata roho. Akaniambia: atakayekufikisha kwa baba yako, mvishe hii. Sasa nimefika. Semeni, nani amenifikisha?"

Wote watatu wakakataa. Umazi akasema, ah bibi, mimi nilikuwa kazini. Bwana Kaspar, alipotafsiriwa, akatikisa kichwa. Bi. Mbeyu akasema, mimi na dhahabu wapi na wapi.

"Si zawadi yangu mpate kunionea haya," akasema Bi. Zehra. "Ni amana ya mamangu. Lazima imfikie mwenyewe. Niambieni kweli, kila mtu aseme alichokifanya, bila kuona haya."

Wakatazamana. Umazi akaanza.

"Bila kuona haya basi, bibi. Kaburi lilikuwapo miaka sitini, na hukulifikia. Wasafiri wamepita hapa maelfu, na hawakulifikia. Ningeweza kuitazama picha ile nikasema sijui, na nikawapeleka msikitini kama ratiba inavyosema. Nilijua nikikosea nitakuwa nimewanyima watu sita walichokuja kukiona, na kazi yenyewe ningeikosa. Nikasema. Neno lile lisingetoka, sasa hivi ungekuwa unarudi melini na picha yako. Mimi ndiye niliyekufikisha."

Bi. Mbeyu akacheka kidogo, cheko la mtu asiyechukia. "Mwanangu Umazi, ungemfikisha kwenye nini? Kwenye mihogo. Kaburi halijitunzi. Mvua moja ya masika na mawe yale yangetawanyika, na mwaka wa pili ungelima juu yake bila kujua. Wewe mwenyewe ulilikumbuka kwa sababu uliniona nikifagia. Ulisema neno moja leo. Mimi nimeinama hapa tangu sijaota mvi. Mimi ndiye niliyemfikisha."

Bwana Kaspar akaomba atafsiriwe yote. Umazi akamtafsiria, hata yale yaliyompinga yeye mwenyewe. Mzee akavua kofia.

"Nilidhani nitanyamaza," akasema. "Lakini mmetaka ukweli. Umazi ni binti wa hapa, na kuongoza wageni ndiyo kazi yake. Bi. Mbeyu aliachiwa wosia na babake, akautii, na Mungu ambariki. Mimi sikuwa na wosia wala kazi. Mama huyu sikumjua hadi asubuhi ya leo. Nilikuwa na kitu kimoja nilichokitaka maisha yangu yote, nacho kilikuwa mbele ya macho yangu, dakika ishirini kwa miguu. Nikakiacha kwa ajili ya kaburi ambalo hata kiongozi hakuwa na hakika nalo. Ningesema kusini, kumbukumbu ya Umazi na ufagio wa Bi. Mbeyu visingefaa kitu. Nami sijutii. Nimeona leo kitu kilicho bora kuliko mwandiko. Lakini ukiuliza nani amekufikisha, mama, mimi pia nimekufikisha."

Bi. Zehra akamtazama mmoja, akamtazama wa pili, akamtazama wa tatu. Kila aliyemtazama alimwona ana haki.

"Saa saba na robo!" akapiga kelele Athman. "Mama, meli!"

Bi. Zehra akambusu Bi. Mbeyu kwenye paji la uso. Akamkumbatia Umazi. Akakishika kiganja cha Bwana Kaspar kwa mikono yake miwili na hakukiachia hadi kwenye gari. Njia nzima alikuwa akiwaambia wale wanne, mmoja baada ya mwingine, kana kwamba hawakuwapo: "Aliliita jina langu. Mnasikia? Siku ya tatu, jina langu tu." Nao wakamwambia, tumesikia, mama, tuambie tena.

Walifika gatini ngazi ikiwa karibu kuondolewa. Hapo Bi. Zehra akamgeukia Athman, akamtilia bangili mkononi.

"Wewe peke yako hukudai kitu," akasema. "Na mimi siwezi kuhukumu, nawapenda wote watatu. Waulize watu wenye haki wa pwani hii. Watakapokubaliana, mvishe mwenyewe. Kama ni yule mzee, hii hapa anwani yake."

Akapanda meli akicheka na kulia pamoja.

Tangu siku hiyo Athman anaitembeza bangili ile kwenye kitambaa cheupe, na kila penye watu anauliza. Kwenye harusi ameuliza, wakagawanyika. Stendi ya magari ameuliza, nusura wapigane. Jana alikuja kwangu, nami nimeshindwa, ndiyo maana nimewakalisha hapa.

Basi nijibuni, nimpelekee jibu. Aliyelitamka neno, aliyelitunza kaburi, au aliyeiacha haja ya maisha yake? Je, nani alistahili?