Kakakuona na Maduara ya Nungunungu

Paukwa!

*Pakawa!*

Mbona sauti zimekauka hivyo? Leo hamkunywa maji? Paukwa!

*Pakawa!*

Haya, sasa mmeamka. Na nyinyi wakubwa mlioko nyuma kwenye jamvi, msijidai hamsikilizi. Hadithi hii ni yenu zaidi.

Hapo zamani za kale, dunia haikuwa moja. Zilikuwa nyingi, zimebebana kama vyungu jikoni, kimoja juu ya kingine. Kulikuwa na dunia ya mbawa, dunia ya magamba, dunia ya manyoya, na nyingine chini huko ambazo hata bibi yangu hakuzijua. Kila dunia na viumbe wake. Kila dunia na maji yake.

Ukaja ukame. Jua likawaka, likawaka, likawaka. Dunia ya juu ikakauka. Ya chini ikakauka. Kikabaki kisima kimoja tu, katika dunia ya katikati. Viumbe wa dunia zote wakashuka, wakapanda, wakajaa pale pale.

Na walikuja wa ajabu, jamani! Alikuja Kamongo, samaki ambaye ukimzuia majini anakufa maji. Alikuja ndege aliyezeeka kabla hajaanguliwa. Alikuja fisi aliyekufa jana, anayezaliwa kesho, naye anauliza kila anayekutana naye, "Leo nipo au sipo?" Wakasukumana. Wakakanyagana. Maji yakawa tope.

"Tupangwe!" akasema Nungunungu.

Akang'oa mwiba mgongoni mwake, nyofo! Akachora duara chini, kwaru, kwaru, kwaru. "Hili la wenye mbawa." Akauchomeka mwiba pale, uwe alama. Nyofo! Kwaru, kwaru, kwaru. "Hili la wenye magamba." Nyofo! "Hili la wenye manyoya." Nyofo! "Hili la wenye miiba, ndilo langu. Na hili la mwisho ni la wanaojipinga wenyewe. Hao watakunywa baada ya wote."

Akaweka sheria. Asiye na duara hanywi. Na duara jipya likichorwa, wote wasubiri mpaka lifungike. Kenge akawekwa mlinzi wa kisima, mkia mkononi.

Unasemaje, Mize? Kenge mwenyewe si wa maji na wa nchi kavu? Nyamaza, mwanangu. Mlinzi haulizwi.

Kweli, mwanzoni mambo yalikuwa mazuri. Hakuna aliyekanyagwa. Maji yakatulia. Lakini Kamongo akalalamika, "Mimi nichanganywe na fisi huyu? Mimi ni wawili katika mmoja. Yeye hajulikani kama yupo!"

"Umesema kweli," akasema Nungunungu. Nyofo! Kwaru, kwaru. La wawili katika mmoja. Nyofo! Kwaru, kwaru. La waliopo na wasiokuwepo. Nyofo! La wanaoanzia mwisho. Alifurahi Nungunungu! Hata usingizini alichora.

Ndipo akaja Kakakuona. Ametoka mbali, anakokota miguu. Juu ya mkia amembeba mwanawe, Kigamba, ulimi umemkauka.

Akaenda duara la magamba. Chatu akamuuliza, "Unanyonyesha?"

"Nanyonyesha."

"Toka."

Akaenda duara la manyoya. Swala akamuuliza, "Hayo mgongoni ni magamba?"

"Ni magamba."

"Toka."

Akafika mbele ya Nungunungu. "Shikamoo, bwana."

"Marahaba. Mama, wewe ni kiumbe wa aina gani?"

"Mimi ni mama, bwana. Huyu ni mwanangu. Sisi tuna kiu."

"Kiu si aina," akasema Nungunungu. Akamzunguka, akamkagua. "Una magamba, na si samaki. Unanyonyesha, na huna manyoya. Unapanda mti, na si nyani. Mdomo unao, meno huna! Mama, wewe unataka duara lako peke yako."

Nyofo! Kwaru, kwaru, kwaru.

"Bwana, tone moja tu. La mtoto."

"Halijafungika." Akalitazama. Limepinda kidogo. Akalifuta, akaanza upya. Kwaru, kwaru, kwaru.

"Mama, maji," akasema Kigamba.

"Bwana, nakusihi."

"Bado kidogo, mama." Kwaru, kwaru.

"Ma..." akasema Kigamba. Makucha yake madogo yakauachia mkia. Pu! Akaanguka vumbini.



Nungunungu akainua kichwa. Akauliza, "Sasa mtoto nimweke kwa waliopo, au kwa wasiokuwepo?"

Aliuliza kwa dhati. Hakuwa na roho mbaya. Hilo ndilo linaloniuma mimi mpaka leo.

Kakakuona alimkumbatia mwanawe, akajikunja juu yake, magamba nje, mtoto ndani. Wote walimwona. Hakuna aliyetoka kwenda kumpa pole, maana ukitoka duarani zamu yako imepotea. Baadaye akaondoka naye, na hakuna aliyeona alikoelekea.

Duara lake likabaki pale, halijafungika. Nungunungu akaendelea na wengine. Nyofo, nyofo, nyofo! Mpaka siku moja kiu ikamshika mwenyewe, akaenda kisimani.

Kenge akapiga mkia, cha! "Wewe nani?"

"Mimi Nungunungu! Wa duara la miiba."

"Geuka."

Akageuka. Mgongo mtupu. Hata mwiba mmoja haukubaki.

"Mnyama wa miiba asiye na miiba," akasema Kenge. "Wewe unajipinga mwenyewe. Kachore duara lako."

Akapapasa mgongo. Hamna kitu. Akanyoosha mkono kuung'oa mmoja wa ile aliyoichomeka ardhini. Wanyama wakapiga kelele, "Usiguse! Ukiung'oa, sisi tutakuwa nani?"

"Kenge, ndugu yangu, nina kiu."

"Kiu si aina," akasema Kenge. "Si wewe ulisema?"

Nungunungu akajikokota mpaka duara la Kakakuona, lile lililobaki wazi. Akalala ndani yake, anayatazama maji. Akayatazama mpaka macho yakafumbika.

Tangu hapo Kakakuona hutembea peke yake. Ukimgusa hujikunja, magamba nje. Msimfungue. Anamfunika mwanawe.

Mchimba kisima huingia mwenyewe. Anayekuja na kiu mpe maji kwanza, aina yake utamuuliza akishakunywa.

Hadithi yangu imeishia hapo, kando ya kisima. Mize, mpe mwenzako kata ya maji. Usimuulize ni mtoto wa nani.