Vicheko vya Sandukuni

Niwieni radhi mapema: hadithi hii nitaiharibu. Mwanzo ninao, katikati ninapo, mwisho sinao, na sababu mtaijua.

Hapo zamani, watoto walipokuwa bado wanachekea karatasi, mji mmoja wa Kerala, kule Uhindini, ulikuwa na jarida la vichekesho vya watoto kwa Kimalayalam. Mchoraji wake, Mzee Kuruvila, alichora polisi mnene anayezidiwa akili na mbuzi. Chini ya kila ukurasa palikuwa na kitendawili, na jibu lake limechapwa kichwa chini miguu juu, ili mtoto apindue jarida alione.

Jarida likafa. Kuruvila akawashia jiko nakala zake, akatangaza kuwa sanaa haina shukrani. Aliyebaki na matoleo yote ni Annamma, mwalimu mstaafu, aliyeyaweka sandukuni pamoja na majani ya mwarobaini ya kufukuza wadudu. Ndugu zake wakamwita mlinzi wa makaburi. Alilinda kweli: jarida la watoto, jamani, na hakuna mtoto aliyeruhusiwa kuligusa.

Mwisho Bijoy, mtoto wa kaka yake, akamwomba azipige picha aziweke mtandaoni. Annamma akazitoa kama mtu anayemwoza bintiye. Bijoy, kijana nadhifu kupita kiasi, akaona maandishi yaliyopinduka, akadhani mtambo wa uchapaji ulikosea, akayakata yote kwenye picha. Karatasi zenyewe akampa muuza chipsi za ndizi afungie.

Watoto wakacheka upya. Kisha wakauliza: majibu yako wapi? Kuruvila alipoulizwa alikuna kipara. Hakumbuki hata moja.

Maktaba ya mji ikasema itaweka jina moja tu juu ya ukurasa wa mtandaoni wa picha zile: mwokozi wa jarida. Annamma, mwenye sanduku tupu, alilitaka jina lile kuliko dawa zake za presha.

"Bila mkono wangu," akasema Kuruvila, "ungehifadhi mwarobaini mtupu."

"Ulichora, ukachoma," akajibu Annamma. "Mimi nilikaa nazo nikichekwa."

"Ndiyo, Shangazi, ulikaa nazo," akasema Bijoy taratibu. "Kabla yangu nani alizicheka? Mende?"

"Na wewe umewapa watoto vitendawili bila majibu, vya kuzikwa navyo," akamrudishia Annamma.

Wakanuniana. Maktaba inangoja jina mpaka leo.

Je, nani alistahili? Amueni ninyi. Mimi jibu nililishika mkononi, limepinduka, chini ya ukurasa uliofungia chipsi nilizonunua. Lakini zile chipsi zilikuwa na mafuta, nami sikuwa na kitambaa cha kufutia mikono.